Maisha ya Mwalimu Tena, Aliyetusomesha Ukurasa Uleule

Wasifu huu unasomwa na kitinda mimba wa marehemu, kwa amri ya marehemu mwenyewe. Ndugu wa msomaji walipomkumbusha Mama kwamba huyu mtoto hukwama mbele za watu, na kwamba kaka mkubwa ni wakili mwenye sauti ya kujaza ukumbi, alijibu, "Wakili awasomee ninyi. Mimi nitasomewa na huyu." Hapakuwa na rufaa.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1951, mtoto wa pili kati ya watano. Baba yake alikuwa mpiga chapa, na jioni alirudi na karatasi zilizoharibika mashineni, za kuwashia jiko. Watoto wa jirani walikuwa na vitabu. Yeye alikuwa na ukurasa mmoja usio na mwanzo wala mwisho, akausoma mpaka mama yake alipoudai kwa ajili ya moto. Alipenda kusimulia kwamba mara ya kwanza alipambana na maneno tu, na aliporudia ndipo alipomsikia mtu anazungumza humo ndani. Ualimu wake wote ulitoka hapo.

Alianza shule ya msingi mwaka 1958, akaendelea na sekondari ya wasichana, na mwaka 1971 alihitimu chuo cha ualimu. Mkufunzi wake aliandika kwenye ripoti kwamba binti huyu ana sauti kubwa kuliko umbo lake. Hilo hakuna aliyewahi kulipinga.

Januari 1972 alikabidhiwa darasa la tatu, na katika shule hiyohiyo alistaafu Desemba 2011. Aliwakuta watoto wanadonoa silabi kama kuku anavyodonoa mtama, wakifika mwisho wa sentensi wamesahau ilianzaje. Akachagua kifungu kifupi. Alikisoma yeye kwanza, kwa sauti, watoto wakifuata kwa kidole. Kisha walisoma pamoja naye, halafu wawili wawili, mmoja akisoma na mwenzake akimsikiliza na kumsaidia. Kesho yake, kifungu kilekile. Ijumaa kila jozi ilikwenda kumsomea mtu mzima: karani, mpishi au mlinzi wa geti. Mlinzi alisikia hadithi ya fundi cherehani na mbuzi mwaka nenda mwaka rudi, hata akawa anawasahihisha watoto huku amefumba macho. Aliyesoma mbio aliulizwa, "Unakimbizwa na nani?" Aliyekwama aliambiwa neno moja, bila ukali: "Tena." Jina likamganda.

Mwaka mmoja alikuja mkaguzi, akamsikiliza mtoto anayesoma kwa madaha. Kurasa mbili zikafunuka kwa pamoja, na mtoto akaendelea na hadithi bila habari.

"Mwalimu," mkaguzi akasema, "huyu hasomi. Amekariri."

Marehemu alicheka mpaka akatafuta kiti. "Hapo umenikamata," alisema. Tangu wiki ile, kifungu kikishaiva alileta kingine chenye maneno yaleyale yaliyopangwa upya, ili macho nayo yafanye kazi. Mtoto yule, kwa taarifa ya waombolezaji, ndiye anayewasomea sasa, na leo anafunua karatasi mojamoja.

Tarehe 18 Desemba 1976 marehemu alifunga ndoa na fundi redio. Siku ya kumposa, maneno yalimtoka Baba vipande vipande. "Sema tena," binti akamwambia. Akasema. "Tena." Baba aliingiwa na wasiwasi kwamba mchumba hasikii vizuri. Kumbe alikuwa amesikia tangu mwanzo, ila alitaka litoke bila kukwama. Walijaliwa watoto wanne. Baba alitangulia mwaka 2009, na mpaka mwisho alidai kuwa hakuna mwanamume aliyeposa mara nyingi kama yeye kwa mke mmoja.

Februari 2021 Mama alipatwa na kiharusi kilichomnyang'anya mkono wa kulia na usemi. Ilituuma sana, kwa sababu bila sauti yake hatukujua tutamwitaje Mwalimu. Mtaalamu wa usemi pale hospitali alishauri tuanze na kitu anachokijua mno. Kitinda mimba akaleta kitabu cha darasa la tatu, akashika kidole cha Mama na kukipitisha chini ya mistari ya fundi cherehani, akasoma taratibu. Kwa wiki nyingi Mama alitoa milio tu. Siku moja alichoka, akakisukuma kitabu, na kitinda mimba neno likamponyoka: "Tena." Mama alimkazia lile jicho ambalo wanafunzi wake mnalijua. Kisha akacheka, akakivuta kitabu kwa mkono wa kushoto.

Kabla ya mwaka kwisha alisoma hadithi nzima mbele yetu, polepole, bila kuruka neno. Wakili alilia kuliko wote. Ndipo Mama alipotoa ile amri kuhusu wasifu huu.

Aliaga dunia asubuhi ya tarehe 9 Juni 2024, baada ya kiharusi cha pili, watoto wake wakiwa kando ya kitanda. Ameacha dada mmoja, watoto wanne ambao ni wakili, muuguzi, fundi umeme na msomaji huyu, wajukuu tisa na kitukuu mmoja. Ameacha pia ninyi mliojaa hapa, mnaofuatisha karatasi hii kwa macho bila kudonoa. Tunajivunia Mama yetu, na hatuoni haya kulisema mbele ya kaburi lake.

Mstari wa mwisho umemkwamisha msomaji kila alipofanya mazoezi nyumbani. Kwa hiyo tutausoma kama tulivyofundishwa: atatangulia mmoja, kisha sote.

Apumzike kwa amani.

Tena.

Apumzike kwa amani.