Theluji Ndani ya Kanisa la Udongo

Sogezeni viti, wanangu, na wewe Lucinda zima hilo jiko kwanza, maharage hayatakimbia, maana pumzi niliyobaki nayo si ya kurudia maneno, na haya ninayotaka kusema nataka yaingie masikioni mwenu nyote wawili kwa pamoja, asije mmoja kesho akamwambia mwenzake mama alisema hivi, na mwingine akaapa mama alisema vile. Eliseo, kaa hapa upande wa dirishani nikuone uso. Najua umeendesha gari kutoka Albuquerque tangu alfajiri, na waumini wako wanakungoja Jumapili; sitakuweka sana, mwanangu, mwenye kuniita mimi naye hapendi kungojeshwa. Na wewe jirani Ramona, usitoke. Wosia unataka shahidi, na shahidi mwema ni yule aliyekuchukia kwanza kisha akakupenda, kwa kuwa huyo amekutazama pande zote.

Nataka kugawa mali. Lakini mali yangu mimi Delfina haieleweki bila lile kanisa hapo ng'ambo ya uwanja, ambalo funguo zake nimezivaa kiunoni tangu mama yangu alipozivua kiunoni mwake, na kanisa lenyewe halieleweki bila ule mwaka ulioangusha ukuta. Wewe Lucinda ulikuwa Denver ukisomea uuguzi, hukuona. Wewe Eliseo uliona, ila hatujapata kulizungumza, mimi na wewe, hata siku moja. Kwa hiyo sikilizeni kwanza hilo, kisha mtasikia nani anapata nini.

Mnajua kwamba Mtakatifu Rafaeli wetu anakaa katika nyumba ya tope. Wazee wa kijiji hiki cha Rito Hondo walipiga matofali ya udongo wakayaanika juani, wakajenga kuta nene kuliko urefu wa mkono wa mtu, na kila mwaka kabla ya sikukuu wanawake walizikandika upya kwa viganja, wanaume wakichimba udongo kule kwenye kilima chetu cha juu, wakiukanyaga pamoja na mabua ya ngano, wakiupandisha kwa ndoo. Mvua na theluji zilikuwa zikila ukuta kila mwaka, nasi kila mwaka tulirudisha kilicholiwa. Ndivyo watu wa hapa walivyomjua Mungu, wanangu, kama mtu anavyomjua mzee anayemlisha kila siku.

Kisha ikaja saruji. Ilikuwa zawadi, ikaletwa kwa malori, na kijiji kizima tukashangilia, kwa sababu nani asiyechoka kuinua tope juu ya ngazi? Wahenga wanasema usipoziba ufa utajenga ukuta. Sisi tuliipaka saruji juu ya udongo, nyufa tukaziziba zote, tukazifunga kabisa, na ukuta tukaujenga vilevile. Maana udongo hupumua, wanangu. Maji ya theluji yaliingia kwa juu, yakakuta yamefungiwa ndani, hayana pa kutokea, yakakaa humo mwaka baada ya mwaka yakiulainisha moyo wa ukuta, huku nje unaonekana mweupe na mzima kama yai. Kikulacho ki nguoni mwako.

Ulianguka mwezi wa Septemba, mchana kweupe. Nilikuwa hapahapa jikoni napiga pasi kitambaa cha altare, nikasikia mlio kama wa ng'ombe mkubwa anapojilaza. Nilipofika uwanjani, ukuta wote wa kaskazini ulikuwa chini na vumbi limesimama mahali pake. Hakuna aliyeumia. Vumbi lilipotulia, kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe niliuona mlima kutoka ndani ya kanisa, na Mtakatifu Rafaeli, sanamu yetu ya malaika, na samaki wake wa mti wako palepale juu ya altare wanautazama. Nilikwenda pale kulia, nikajikuta siwezi kulia.

Sasa lazima niseme habari ya upande wa kaskazini, na Ramona usiinamishe kichwa, ni mambo ya zamani. Huo ulikuwa upande wenu. Tangu siku kaka yako alipompiga Casimiro wangu, baba wa hawa wawili, kwa koleo kwenye mlango wa mfereji, wakigombea zamu ya maji, na Casimiro akachechemea mpaka kaburini, watu wa kwenu walikaa kaskazini na watu wa kwetu wakakaa kusini, na katikati ikabaki njia ambayo hakuna aliyeivuka hata wakati wa kupeana amani. Padre akisema tupeane amani, kila upande ulijipa wenyewe. Mwenye kovu usidhani amepoa. Ukuta wenu ulipoanguka wapo wa kwetu walionong'ona kwamba Mungu ameonyesha. Casimiro aliwasikia, akawaambia, "Basi mwambieni Mungu wenu paa lenyewe ni moja, tuone mtakaa wapi."

Wakaja watu wa askofu, watu wapole, wakatwambia kigango kidogo kama chetu hakiwezi kutarajiwa kusimama milele, kwamba huko bondeni parokia ina nafasi, ina joto, ina maegesho. Hawakusema uongo. Padre Anselmo, ambaye wakati ule alikuwa kijana bado, aliulizwa maoni yake, akasema yeye hajui kujenga hata banda la kuku, ila mahali tutakapokuwepo atakuja kutusomea misa. Basi tukaanza. Hatukupiga kura, asubuhi moja mtu mmoja alipeleka koleo, mwingine akapeleka toroli.

Ilibidi kwanza kubandua saruji kwenye kuta zilizosalia, ili zipumue. Nilikuwa juu ya jukwaa upande mmoja wa mlango, Ramona upande wa pili, kila mmoja na nyundo yake, hatusemezani. Bamba kubwa la saruji likamtoka, likaanguka, akaweka nyundo chini. Kisha nikasikia sauti ambayo haikuwa imeniita jina tangu tukiwa wasichana:

"Delfina. Njoo uone mkono wa mama yako."

Nilishuka, nikapanda kwake. Nyuma ya saruji palikuwa na ukandikaji wa zamani, mkavu, mzima, na umejaa mikono. Viganja vilivyopita kama upinde, vidole vyote vimeacha mifereji yake, mkono juu ya mkono, wanawake waliokwisha kulala makaburini. Na pale usawa wa kifua changu palikuwa na kimoja ambacho kidole chake cha mwisho kimepinda kwenda nje. Mama alivunjwa kidole hicho na ng'ombe wa maziwa akiwa mwari. Nilikitambua kama mtu anavyotambua sauti. Niliweka mkono wangu ndani yake. Kilinitosha, wanangu. Na ubavuni pake kilikuwako kingine, kipana, kimepishana naye vidole, na Ramona akasema, "Huyo mama yangu. Walikuwa jukwaa moja." Tukasimama mbele ya ule ukuta kama watu waliokutwa hawajavaa vizuri na mgeni mkubwa. Hatukuomba msamaha, wala hatukukumbatiana. Ramona alisema tu, "Kesho lete ndoo zako upande huu, na ukandike vizuri, maana nimekuona, unapaka tope kama mtu anayebania siagi." Nami nikamwambia afadhali mimi ninayebania kuliko yeye anayejikandika mwenyewe mpaka nyusi. Akacheka. Sikuwa nimekumbuka kwamba ana pengo upande ule.

Siku ya Watakatifu Wote ukuta mpya ulikuwa umefika kiunoni, na paa tulikuwa tumelivua lisituangukie. Padre Anselmo akaja kusoma misa hivyohivyo, na watu tukajazana, hata waliokwisha kuhamia mjini, na hakuna aliyejua akae kusini au kaskazini, kwa sababu mabenchi tulikuwa tumeyasogeza kukwepa tope. Asubuhi ilikuwa kavu. Padre alipofika kwenye mageuzo, saa ya kuinua mkate, theluji ikaanza.

Haikuja na upepo. Ilishuka polepole, ikapita juu ya ule ukuta mfupi, ikaingia ndani. Ikatua kwenye altare, kwenye mabega ya padre, kwenye nywele za watoto, kwenye mabawa ya Mtakatifu Rafaeli. Hakuna aliyeinuka. Hakuna aliyekohoa. Padre aliinua hostia na theluji ikawa inashuka kati yake na sisi. Nimeishi miaka mingi, wanangu, nimezaa, nimezika, na kuishi kwingi ni kuona mengi, lakini sijapata tena kuogopa kwa namna ile tamu. Nilihisi kwamba tukisema neno moja kitu fulani kitaondoka. Nilikuwa sina shali. Kitu kizito na cha moto kikanifunika bega, nikageuka, ni nusu ya shali ya Ramona, na nusu nyingine yuko nayo mwenyewe, tumebanana kama vifaranga.

Hapo ndipo nilipokuona, Eliseo. Ulikuwa umekwisha kuokoka wakati ule. Ulikuwa umekosana na baba yako vibaya, ukaapa hutatia mguu tena katika nyumba yenye sanamu, na yeye akaapa hatakufungulia. Siku ile ulileta mabua kwa gari lako kwa ajili ya kazi yangu, ukitumaini misa imekwisha. Haikuwa imekwisha. Ulikuwa umesimama nje ya ukuta, ambao ulikufika kiunoni, umekumbata bunda la mabua, na theluji iliyokuwa ikituangukia sisi ilikuwa ileile inayokuangukia wewe. Nikajiuliza, nani awezaye kusema huyu yuko nje? Ukaweka mabua chini. Ukavua kofia.

Baba yako alikuona. Misa ilipokwisha alichechemea mpaka pale, akasimama upande wake wa ukuta, akanyoosha mkono, akakupangusa theluji mabegani, bega hili, kisha bega hili, kama alivyokuwa akikupangusa vumbi ukitoka shule. Majira ya kuchipua hayakumkuta, mnajua. Lakini alikufa akiwa amekwisha kukupangusa.

Nipe maji kidogo, Lucinda. Yatosha.

Baada ya msiba ndipo nilipokwenda Albuquerque, Eliseo, ukanipeleka kwenye lile duka la zamani la matairi mnamosalia. Nilikwenda na rozari mfukoni, kwa kujihami. Nikakaa kwenye kiti cha plastiki. Palinuka mpira bado. Mvua ilikuwa ikipiga bati, watu wakaanza kuomba kila mmoja kwa sauti yake, nikasema moyoni, ee Mama wa Mungu, hili ni soko. Kisha mama mmoja karibu na mlango, aliyekuwa akilia, akanyamaza, na wengine wote wakanyamaza baada yake bila kuambiwa, na ndani ya ukimya ule nywele za shingo yangu zikasimama. Nilikuwa naijua hofu ile. Nilikwisha kukutana nayo. Nilipomwambia Padre Anselmo, nikiogopa atanikemea, alinitazama akasema, "Mama Delfina, ulidhani Mungu hana gari?"

Sasa mali. Sikilizeni vizuri, sauti inakwenda.

Nyumba hii, na mtambo wa kufumia, na mbuzi, ni yako Lucinda, wewe uliyenigeuza kitandani. Na funguo za kanisa ni zako. Kilima cha juu, kule kwenye udongo, si chenu wala si changu. Nimekwisha kumwambia wakili, Ramona yupo: kilima ni cha kijiji, kisiuzwe wala kisirithiwe, ili mwenye kuhitaji kukandika akachimbe, awe wa misa, awe mlokole, awe asiyesali kabisa. Shamba la chini, lenye miaprikoti na zamu ya maji ya mfereji, ni la Eliseo. Kuna mtu wa mjini aliyetaka kulinunua, na bado analitaka. Liuze, mwanangu, ukajenge kanisa lako.

Unasema nini, Lucinda? Sema kwa sauti, nani atakupiga. "Shamba la baba likajenge kanisa la walokole?" Ndiyo, mwanangu. Shamba la baba. Baba yako alivunjwa mguu kwa ajili ya maji ya shamba lile, na wenye kuvunjana hawakupata cha maana humo ila aprikoti zenye wadudu. Acha sasa lizae kitu. Usinune. Wahenga wamesema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Hilo ni onyo kwa majirani, lakini msilifanye likawa kweli juu ya kaburi langu. Na wewe Eliseo, usilie, wala usiniahidi kitu. Sikukupa kwa sharti.

Lililobaki ni dogo. Mnizike na Casimiro. Juu yangu muweke udongo mtupu, msinifunike kwa saruji, nimeona inavyofanya. Padre Anselmo asome misa. Eliseo, ukitaka uingie, ingia. Ukitaka usimame nje, simama, mlango utakuwa wazi, nimemwambia Lucinda. Asikusute mtu.

Ramona... shali yako nimeikalia hapa tangu asubuhi. Ichukue. Hapana, basi, iache.

Njooni karibu. Magoti, wote wawili. Mungu aliyewaleta kwenye mikono yangu awapokee kutoka kwenye mikono yangu. Awape njaa ya kumtafuta, na asiwaache mkajisifu mmempata. Mkikosana, mkosane siku moja, msikosane mwaka. Awabariki Baba... na Mwana...

Siwezi kuinua mkono. Eliseo, malizia wewe. Omba. Si kwa maneno yangu, mimi yangu Mungu ameyasikia mpaka ameyachoka. Kwa yako. Hata zile lugha zako nisizozijua. Lucinda, mshike kaka yako... hivyo.

Kwa sauti kidogo, mwanangu.

Endelea. Nasikia.