Ambrose Tull Anafananaje?

Benchi letu liko nyuma ya ukumbi wa michezo pale Halifax, mkabala na mlango wa waigizaji. Jumamosi ile Sindano alikuja na chupa yake ya kahawa, sote wanne tukakaa kumngojea Ambrose Tull amalize onyesho lake la mwisho. Sindano ni Winifred, aliyeshona mavazi ya ukumbi mpaka macho yakamgomea. Redio ni Gilbert, dereva wa basi mstaafu ambaye akishawaka hazimiki. Pazia, anayekaa mwisho kushoto siku zote, ni Desmond Ackroyd. Alikuwa mvuta pazia, na miaka yote ametusimulia kwamba yeye na Ambrose walikuwa marafiki, enzi zile Ambrose anapewa kazi ya kushika mkuki na kunyamaza. Mimi nilikuwa wa kukata tiketi, kwa hiyo tamthilia nilizisikia kupitia ukutani.

Pazia hatukumwamini. Mwenzake alishahamia London zamani, akawa mkubwa: leo hakimu, kesho muuaji, kwenye sinema kasisi, jukwaani bibi mjane. Ubishi wa siku hiyo ulikuwa mtu mmoja anawezaje yote hayo.

— Alipoigiza yule mfalme kilema, Redio akaanza, mguu aliuvunja makusudi. Ndiyo maana wahenga wakasema, asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

— Mkuu gani tena? nikamuuliza.

— Si mwongozaji wa filamu!

Sindano akasema mguu si kitu. Yeye aliwahi kumpima kiuno Ambrose alipokuja kuigiza bwanyenye, akakuta pipa. Alipomrudia kumpima kwa ajili ya mfungwa, kwa futi ileile, akakuta ufito. Kwa hiyo mifupa yake inakunjika. Redio akakataa. Wako watatu, akasema, mapacha: wa jukwaani, wa sinema na wa kuchekesha, na mama yao aliwaficha kwa kuwa chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Tukamwomba afafanue, akaomba kahawa.

— Ni mmoja, Pazia akasema polepole. Namjua.

— Basi mbona hajakutumia hata salamu? Sindano akamuuliza.

Pazia akainamisha kichwa, kama afanyavyo kabla ya kusema jambo, ila safari hii hakusema. Nikaona Sindano anajuta.

Hapo teksi ikasimama. Dereva, Shabbir, akatueleza kwamba ametumwa kumpeleka Bwana Tull stesheni. Bintiye anaolewa kesho asubuhi London na treni haina subira. Yeye Shabbir si mtu wa sinema wala michezo.

— Samahanini wazee wangu. Anafananaje?

Nikasema mrefu, kisha nikamkumbuka yule karani aliyejikunja aliyewahi kumwigiza. Redio akasema ana upara. Sindano akasema ule upara aliubandika yeye mwenyewe kwa gundi. Rangi ya macho ikatushinda wote. Tukamgeukia Pazia.

— Alikuwa mwembamba, akasema.

— Hata mimi nilikuwa mwembamba, Shabbir akajibu, jicho kwenye saa.

Mlango ukafunguka, watu wakaanza kutoka. Redio akamchagua bwana mmoja wa heshima mwenye koti refu. Shabbir akamkimbilia, akampokea begi, akamfungulia mlango wa gari. Kumbe fundi wa taa. Shabbir akarudi jasho linamtoka, akisema bibi harusi ataingia kanisani bila baba kwa sababu yetu.

Wa mwisho kutoka alikuwa mtu wa kawaida kabisa, na mfuko wa duka mkononi. Hakuna aliyemwonyesha kidole. Akaielekea teksi, akasita, akaligeukia benchi.

— Dez. Bado unakaa huko kushoto?

Pazia akasimama, akainamisha kichwa.

— Huku ndiko mlango unaonekana vizuri.

Yule mtu akamshika mabega. Akamwambia yule kasisi wa kwenye sinema, kile kichwa anachokiinamisha kabla ya kunena, alikitoa kwa Desmond. Na kila alipokiona kwenye skrini aliona aibu kwa kutokuja kusema asante.

— Ungekuja tu, Pazia akasema. Nafasi ipo.

Wakakumbatiana mpaka Shabbir akapiga honi. Gari likaondoka mbio.

Sindano akammiminia Pazia kahawa yote iliyobaki, sisi wengine tukashika vikombe vitupu. Redio akauliza, kwa adabu ambayo si yake, kama kuna aliyeona Ambrose ni mrefu au mfupi.

Muda wote ule tulikuwa tunamtazama Pazia.