Malkia wa Urembo na Mjukuu wa Mzee Spea

Kijiwe cha Thorncliffe Park, hapa Toronto, hakiko nje. Nani akae nje kwa baridi ya mwezi wa pili? Kiko ndani ya jengo la maduka, benchi refu la mbao katikati ya duka la dawa na duka la mikate, na kila Jumamosi ikifika saa nne asubuhi wenyewe wamekwisha kulikalia. Mwenye chupa ya kahawa ni Mzee Fatehali, ambaye kijiweni huitwa Mzee Spea kwa sababu aliuza vipuri vya magari Mwanza miaka thelathini kabla ya kuhamia huku. Kushoto kwake hukaa Kiprotich, jina la kijiwe Kilomita, dereva wa kusambaza vifurushi, mtu anayepima kila jambo la dunia kwa umbali. Kulia hukaa Armel, Profesa, aliyefundisha jiografia Bukavu na sasa analinda mlango wa chuo kikuu kule mtaa wa Jane na Finch. Wa nne ni Kagendo, Sista, nesi wa nyumba ya wazee, ambaye huja akitoka zamu ya usiku na viatu vyake vyeupe bado miguuni.

Jumamosi hiyo Mzee Fatehali alimimina vikombe vinne bila kusema neno, na hiyo si tabia yake.

— Mzee wangu, Kiprotich akamwambia, leo umetupa kahawa bila maneno. Itashuka aje?

— Shaila anataka kuacha chuo.

Shaila ni mjukuu wake, miaka kumi na tisa, mwaka wa pili wa ufamasia.

— Aache aende wapi?

— Akaigize. Televisheni.

Armel akapuliza kahawa yake.

— Bon. Samaki mkunje angali mbichi, mzee.

— Ana miaka kumi na tisa, Profesa.

— Basi huyo ni ng'onda tayari, amekauka. Ukimkunja atavunjika.

Mzee Fatehali akawaeleza. Jana, wakati wa chakula, mtoto alisema maneno hayo mbele ya wali, kwa utulivu, kama mtu anayeomba achari. Baba yake, Navroz, aliweka kijiko chini na hakukiinua tena. Wakakubaliana kukutana leo saa tisa, na neno la mwisho liwe la babu.

— Mimi najua nani kamtia hayo, alisema. Yule mwanamke wa Burma. Yule malkia wa urembo.

Wote walimjua. Su Nandi aliishi ghorofa ya kumi na nne katika jengo la tatu kutoka hapo, na tangu mwezi wa kumi na moja alikuwa akionekana kila Jumatano katika mchezo wa televisheni, akiigiza daktari aliyehamia mjini akaishia kuendesha teksi. Jumamosi alifundisha vijana kuigiza katika ukumbi wa ng'ambo ya barabara, bure, na Shaila hakukosa hata siku moja.

— Huyo dada mimi siwezi kumsema vibaya, Kiprotich akasema. Ni wa kwetu.

— Wa kwenu wapi?

— Si anaitwa Nandi? Mimi ni nani? Mnandi.

— Hilo ni jina la Kiburma, Armel akasema.

— Profesa, wewe ulifundisha milima na mito, hukufundisha watu. Babu yangu alipelekwa Burma na Waingereza akapigane na Wajapani. Kilomita elfu saba, na viatu havikumtosha. Wazee wetu walikaa huko miezi na miezi. Unadhani waliacha nini? Waliacha jina.

— Kwa hiyo huyu ni shangazi yako.

— Siwezi kukataa. Mwacha asili ni mtumwa. Yeye hakuacha, amebeba mpaka Canada.

Armel akacheka kwa pua, kisha akasogea mbele kama yuko darasani.

— Sikilizeni sababu yenyewe. Haya mashindano ya urembo si urembo. Ni mfumo. Kuna ofisi moja, mahali fulani, yenye ramani ukutani. Msichana akivaa taji, anachomekewa pini. Huyu atasoma habari, huyu ataigiza, huyu apelekwe nchi ya baridi. Donc, yaani, msichana hafanyi lolote. Anasubiri simu.

— Na Shaila wangu, Mzee Fatehali akauliza, pini yake iko wapi? Hana taji. Hana hata picha ya pasipoti iliyotoka vizuri.

— Mimi nimesikia kingine, Kiprotich akasema kwa sauti ya chini. Siku hizi hawaigizi wenyewe. Wanauza sura. Kompyuta inachukua ile sura, inaongea, inalia, inaendesha teksi. Mwenye sura amelala kwake.

— Nani kakwambia?

— Nimemwona mwenyewe, saa kumi na moja alfajiri, ndani ya basi. Amelala fofofo.

— Ndiyo hapo sasa, Armel akasema, akikubali ushahidi.

Mzee Fatehali hakucheka. Maneno yalikuwa yamemjaa.

— Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Sura imempa kazi, sawa. Sura ikichoka? Mimi kule Mwanza nimeona serikali ikichukua nyumba za watu kwa tangazo la redio. Asubuhi una jengo, mchana huna. Cheti hakuna anayekunyang'anya. Ndiyo maana nikamwambia Navroz, watoto wasome kitu kinachoweza kuvuka mpaka.

Hapo Kagendo, ambaye hakuwa amesema kitu, akaweka kikombe chake juu ya benchi.

— Mmemaliza?

Akawatazama mmoja mmoja.

— Nimefanya kazi na huyo mwanamke miaka miwili. Alikuwa akigawa uji kwetu, kwa wazee. Kaniambia mwenyewe, wakati nyinyi mnaongea habari za ramani na kompyuta. Mamake ni fundi cherehani katika mji unaoitwa Mawlamyine. Taji alilishinda akiwa na miaka ishirini, na gauni alilovaa alilishona mamake kwa mkono. Wakampa gari. Mwaka mzima wakamzungusha akate utepe na kushika sabuni kwenye matangazo. Kisha mtu wa filamu akamchukua.

— Akawa nyota, Kiprotich akasema.

— Akachekwa. Alitakiwa alie msibani, akalia kama mtu aliyeingiwa na mchanga jichoni. Magazeti yakaandika kwamba ni picha ya kalenda iliyojifunza kutembea. Mzee, ile sura unayosema imempa kazi ndiyo iliyomponza mara ya kwanza.

— Akaacha, Mzee Fatehali akasema, na ndani yake akatamani jibu liwe ndiyo.

— Akaenda kwa wazee wa jukwaani, wale wanaozunguka vijijini na ngoma zao. Akawaomba wamfundishe. Wakampa viti abebe na nguo afue. Malkia wa nchi nzima, miaka miwili anafua nguo za waigizaji na kuwatazama wanavyosimama. Aliporudi kwenye kamera hakuna aliyecheka tena. Akafanya michezo ya televisheni miaka saba, mpaka wauza mboga sokoni wakawa wanamwita kwa jina la mtu anayemwigiza.

— Si angekaa hukohuko basi.

— Wanajeshi walipochukua nchi, alisema hadharani kwamba hakubali. Baada ya wiki chache akasikia jina lake likisomwa katika orodha ya wanaotafutwa, kwenye televisheni ileile aliyokuwa akiigizia. Akavuka mto kuingia Thailand na begi moja. Gari lilibaki, taji lilibaki. Kilichovuka naye ni kuigiza tu.

Kikombe cha Mzee Fatehali kilikuwa kimefika nusu ya njia kwenda mdomoni. Hakikuendelea. Akilini aliiona redio ya nyumbani kwao Mwanza, kitambaa kilichofumwa juu yake, na baba yake amesimama katikati ya chumba akisikia kwamba nyumba aliyoijenga si yake tena. Hakuwahi kulielezea benchi jambo hilo kwa urefu, na hakulielezea sasa.

— Na hapa? Armel akauliza, sasa kwa sauti ya kawaida.

— Hapa alikataliwa katika majaribio kumi na moja ya kuigiza. Mara lafudhi yake ni nzito mno, mara si nzito ya kutosha. Mara moja wakampa kazi ya maiti.

— Maiti?

— Alilala vizuri, wakamsifu. La kumi na mbili ndilo hili la daktari wa teksi.

— Lakini wahenga walisema, Kiprotich akaanza, chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Mtu akijitembeza mara kumi na mbili...

— Methali hiyo haijawahi kutafuta kazi Toronto, Kagendo akamkata.

Kisha akamgeukia Mzee Fatehali.

— Mzee, nikwambie kimoja. Tulikuwa na bibi Mgiriki aliyekataa kula. Siku ya nne. Anamtaka dada yake, na dada amekufa zamani. Sisi tunamwambia ukweli, na kila asubuhi anafiwa upya. Su Nandi akaweka sinia chini, akakaa kando ya kitanda, akabadilisha sauti, akabadilisha hata mabega. Akamwambia, "Nimechelewa kidogo. Mbona hujala?" Bibi akamaliza bakuli. Mimi nimesomea kazi hii miaka minne, na bakuli lile lilinishinda.

Mzee Fatehali akakirudisha kikombe chake kwenye benchi.

Mlango wa duka la mikate ukafunguka, akatoka mwanamke mfupi mwenye koti jeusi la kufika magotini na kofia ya sufu iliyoshuka mpaka kwenye nyusi, mkate kwapani. Ungempita bila kugeuka. Kagendo akamwita kwa mkono. Kiprotich akasimama, akavuta fulana yake chini, akamwamkia kwa Kinandi:

— Chamgei.

Su Nandi akatabasamu, akajibu kwa Kiingereza kwamba hajui maana yake lakini anashukuru.

— Amesahau tu, Kiprotich akamnong'oneza Armel.

Wakaendelea kwa Kiingereza. Mzee Fatehali alijitambulisha kama babu yake Shaila, kisha hakujua aweke wapi mikono yake.

— Wewe ndiye unayemfundisha, alisema.

— Mimi nafungua ukumbi na kupanga viti. Anajifundisha mwenyewe.

— Ungemwambia ukweli wa kazi hii.

— Nimemwambia wote. Majaribio kumi na moja niliyokataliwa, maiti, wazee wa jukwaani na nguo zao. Alisikiliza mpaka mwisho, halafu akauliza kama tunaweza kuanza mapema wiki ijayo.

Alisema hivyo bila kujisifu na bila kumsuta. Akahamisha mkate kwapa la pili, akamtazama mzee kama mtu anayetaka kujua kweli.

— Umeshamwona akiigiza?

Mzee Fatehali akafungua mdomo. Akamtazama Kiprotich, na Kiprotich akatazama viatu vyake. Armel akakiinua kikombe akakuta hamna kitu. Kagendo alimjua Shaila tangu akiwa na meno ya utoto, naye akainama kukaza kamba za viatu vyake vyeupe. Walikuwa wamemjadili msichana huyo na mwalimu wake kwa saa nzima, kutoka Nandi mpaka Burma, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kukaa akamtazama. Mzee akainamisha chupa juu ya kikombe ili apate la kufanya. Yakatoka matone mawili.

— Tunaanza saa tano na nusu, Su Nandi akasema. Ng'ambo ya barabara. Ukumbini kuna joto.

Akaaga, akaenda.

Kagendo alikwenda nyumbani kulala. Wengine watatu walivuka barabara, Kiprotich akimshika mzee mkono kwa sababu ya barafu, na wakakaa safu ya nyuma wakiwa na makoti yao. Vijana walikuwa kama kumi, Waafghani, Wafilipino, Wapakistani, viatu vimerundikwa mlangoni. Shaila alikuwa katikati, mbele ya meza tupu. Mzee alielewa baada ya muda mfupi: ni mama yuko uwanja wa ndege, anamsindikiza mwanawe, na sanduku limezidi uzito. Anaambiwa apunguze.

Nyumbani Shaila husikia Kiswahili chote na kujibu Kiingereza. Mzee alikuwa amekwisha kukubali kwamba katika ukoo wake lugha hiyo itaishia kwake, kwa kuwa mkewe Daulat alikuwa amemtangulia kaburini. Sasa mtoto alikuwa akitoa kitu kisichoonekana kutoka katika sanduku lisilokuwepo, akikikunja kwa viganja, na kusema:

— Hii shali iache, utapata nyingine. Hii dawa ya kikohozi iache, kule wana madaktari. Picha hii... picha hii weka mfukoni. Mfuko haupimwi, mwanangu.

Kilikuwa Kiswahili cha Mwanza. Ilikuwa sauti ya Daulat kabisa, ile ya kuburuza kidogo mwisho wa sentensi. Hakuna kijana mle ndani aliyejua neno moja, lakini msichana mmoja kwenye kona alikuwa akijifuta macho kwa mkono wa sweta.

— Tena, Su Nandi akasema. Na safari hii usilie wewe. Wewe una sanduku la kufunga. Waache wao walie.

Shaila akavuta pumzi, akarudia. Ikawa kavu zaidi, na ikauma zaidi. Armel akavua miwani. Alipofika kwenye picha, Shaila aliinua macho akamwona babu yake, akasimama ghafla.

— Bapa?

— Endelea, Mzee Fatehali akasema. Mwalimu amesema tena.

Saa nane na nusu Navroz alipiga simu kutoka Markham, mji wa jirani, kwamba yeye na mkewe wanaingia barabarani. Mzee akamwambia wasiende nyumbani, waje ukumbini. Walifika hawajavua hata glavu. Shaila akaurudia mchezo mbele yao, na alipomaliza Navroz alikaa akiutazama mkono wake mwenyewe, ule uliokuwa umekwenda wenyewe juu ya mfuko wa shati, kana kwamba ile picha imo humo.

Kikao cha saa tisa kikafanyikia palepale, juu ya viti vya plastiki. Hakikuwa kirefu. Mama alitaka kujua atakula nini. Baba alitaka kujua kama kuna chuo kinachofundisha jambo hili kwa mpango. Kipo, Shaila akasema, na fomu alikuwa nayo katika mkoba tangu mwezi wa kumi na mbili. Kisha wote wakamgeukia babu.

— Amalize mwaka huu wa ufamasia, Mzee Fatehali akasema. Mwezi wa tisa ahamie anakotaka. Akikataliwa, arudi nyumbani, ale, alale. Kesho yake aende tena.

Shaila alipangusa uso kwa kiganja.

— Sawa, Bapa, akajibu kwa Kiswahili. Nimesikia.