Mstari wa Pili wa Bi Mabaki

Tarehe thelathini mwezi huu, karani mkuu wa madai katika kitengo chetu cha kusafisha damu anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja kazini. Kamati ya sherehe, baada ya vikao vinne na birika kadhaa za chai, imeamua kumzawadia saa ya ukutani. Yaani mtu ambaye miaka yote hiyo alifika kabla mlinzi hajafungua geti, anapewa saa na watu wanaoingia kazini saa tatu wakitweta. Hongereni kamati.

Wengi mnamjua kama Bi Mabaki. Jina hilo tulimpa sisi wa ghorofa ya pili, na tusijisingizie kwamba lilikuwa la mapenzi.

Kwa wasiowahi kuingia chumbani kwetu, na uongozi umo, kazi yetu ni kuigeuza kila sindano anayochomwa mgonjwa akiwa kwenye mashine iwe namba ya msimbo inayoeleweka na bima. Sindano ya kuongeza damu huja katika kichupa cha kutumika mara moja, chenye uniti elfu kumi. Daktari akiandika elfu nne, muuguzi huvuta elfu nne, na elfu sita zinazobaki hutupwa. Kwa hiyo fomu inatakiwa kuwa na mistari miwili. Wa kwanza unaonyesha dawa iliyoingia mwilini, wa pili ile iliyotupwa, na kila mmoja una alama yake. Basi. Mtoto wa darasa la nne angeelewa kabla ya kengele ya mapumziko. Sisi wenye vyeti tulisema mama huyu anatuchelewesha kwa mabaki yake.

Kila asubuhi alishuka wodini na jalada lake la plastiki, akalinganisha daftari la wauguzi na fomu zetu, kisha akapanda na kalamu nyekundu. Hakumwogopa mtu. Siku moja alimrudishia daktari bingwa fomu ileile mara tatu kwa sababu nne yake ilifanana na tisa. Bingwa akapanda ngazi kuja kufoka. Bi Mabaki akamsogezea karatasi tupu. "Niandikie tarakimu ya nne mara kumi hapa, daktari, nikuone." Aliandika, tena mbele yetu. Tarakimu tatu za mwisho zilisomeka vizuri sana.

Kisha uongozi ukazindua tuzo ya mfanyakazi bora. Ubora ulipimwa kwa idadi ya fomu ambazo karani alizituma kwa siku, maana kuhesabu ni rahisi kuliko kusoma. Bi Mabaki alishika mkia miezi yote. Mkurugenzi alimwita akamshauri ajifunze kwa wenzake wenye kasi.

Na mwenye kasi alikuwepo. Karani huyo aligundua kwamba ukiunganisha mistari miwili kuwa mmoja, ukaandika elfu kumi na kuendelea na safari, fomu inapita na unamaliza kazi kabla ya chakula cha mchana. Akashinda tuzo. Picha yake ikatundikwa kwenye ngazi, akitabasamu kama aliyegundua dawa yenyewe.

Miongoni mwa wagonjwa wake alikuwa kinyozi wa mtaa wa nyuma, baba wa mabinti wawili, anayekuja kwenye mashine Jumanne, Alhamisi na Jumamosi. Alikuwa akichomwa elfu nne. Karatasi zilisema elfu kumi. Kipimo cha wingi wa damu yake kikakwama kwenye saba, miezi mitatu. Daktari wa bima, ambaye hajawahi kumwona wala kumsalimia, akasoma karatasi akahitimisha kwamba dawa nyingi hivyo haimsaidii, basi isimamishwe. Daktari wetu mgeni akasoma karatasi hizohizo, akatikisa kichwa kukubali. Karatasi wanazipenda hawa. Mgonjwa amelala hatua sita kutoka mezani, na daftari la muuguzi liko kando ya kitanda.

Damu ya kinyozi ikashuka hadi tano. Akawa ananyoa amekaa kwenye stuli, kisha akafunga duka. Mdogo wake alimpandisha ngazi zetu hadi wodini, ghorofa ya kwanza, kwa kumbeba mgongoni, akipita mbele ya ile picha kila mara. Mwishowe mdogo huyo akamtolea kaka yake damu yake mwenyewe.

Aliyeuliza ni Bi Mabaki peke yake. Aliomba fomu zote za kinyozi, akashuka nazo wodini, akazilinganisha na daftari siku kwa siku. Kisha akaibana bima siku kumi na moja, kwa barua, kwa simu, mwishowe kwa miguu, akikaa kwenye benchi lao la mapokezi na jalada lake mapajani hadi wakachoka kumtazama. Sindano zikarudi, dozi ikapandishwa ilivyostahili, damu ikafika kumi na moja. Duka likafunguliwa.

Katika rasimu ya kwanza ya wasifu huu niliishia kwenye neno "karani huyo". Utaratibu unataka mstaafu ahakiki maelezo, nami nikampelekea. Ilirudi na wino mwekundu pembeni: "Nani?"

Ni mimi. Picha ile ni yangu. Miaka minane nimeipita asubuhi na jioni, na yeye pia, na hakuwahi kunitaja kwa mtu. Wiki iliyopita nilipata ujasiri wa kumuuliza kwa nini. Hakuinua hata macho. "Ningekutaja wangekufukuza, wakaniletea mwingine nianze kumfundisha upya. Mimi nina nguvu hizo?" Nilicheka, kisha nikaenda chooni nikalia.

Bi Mabaki, ahsante. Tulikucheka, na wa kuchekwa tulikuwa sisi. Nenda kapumzike, amka saa unayotaka, na ile saa wape wajukuu waichezee. Tunakuombea afya, usingizi mzuri na siku zisizo na fomu hata moja.

Kinyozi atakuja kwenye sherehe Ijumaa, maana si siku yake ya mashine. Humwita Bi Mabaki dada, lakini hajawahi kuambiwa kilichotokea. Mimi ni mteja wake. Kila wiki mbili husimama nyuma yangu, wembe mkononi, akinisimulia mitihani ya mabinti zake. Nakala ya kwanza ya jarida hili nitampelekea mwenyewe. Nitamsubiri asome hadi mwisho, kisha nitakaa kwenye kiti chake na kuinamisha shingo.