Mwalimu Veronicah Nakhumicha, Aliyefundisha Njia za Sayari

Mwalimu Veronicah Nakhumicha alizaliwa Kimilili tarehe 14 Aprili 1957, msimu wa kupanda, ndiyo maana ya jina lake. Alisoma huko mpaka kidato cha nne, akaja Nairobi kusomea ualimu, akahitimu mwaka 1979.

Alifundisha fizikia Kangemi na Muthangari hadi alipostaafu mwaka 2017. Somo alilolipenda ni mwendo wa sayari. Aligonga misumari miwili kwa ubao, akafunga uzi uliolegea, akauvuta kwa chaki akizunguka mpaka ikatoka duaradufu. Wanafunzi walipenda kuweka jua katikati. Alifuta.

"Jua liko kwa msumari mmoja, si katikati. Sayari ikilikaribia inakimbia. Ikienda mbali inajikokota. Lakini haiachiliwi."

Tarehe 12 Desemba 1981 aliolewa na Zadock, mchinjaji wa Dagoretti, ambaye hakuingia darasani. Mtoto wao wa kwanza, Simiyu, alifariki kwa homa Februari 1986. Hawakuwa na uwezo wa kumsafirisha nyumbani kwa ukoo wa Zadock, Kimilili, akazikwa makaburi ya kanisa, Dagoretti, hapa Nairobi. Mama yake alipitia hapo kila Jumapili baada ya ibada.

Siku moja, nyumbani Mountain View, alimchorea mumewe ile duaradufu mezani, kwa misumari na uzi.

"Na kwa huu msumari wa pili kuna nini?"

"Hakuna kitu, Baba Simiyu."

"Sasa si uung'oe?"

"Nikiung'oa, hii si njia ya sayari tena."



Mwaka 2022 figo zilianza kukataa. Alikonda, akavimba miguu, akawa wa kubebwa. Mwezi uliopita kaka wa mumewe alitoka Kimilili, akakaa kando ya kitanda.

"Shemeji, utalala nyumbani. Mke wa Zadock hawezi kuachwa Nairobi."

"Simiyu mlimwacha Nairobi," akajibu. "Huyu mzee mchukueni mkimtaka. Mimi mniweke na mtoto."

Alifariki hospitalini Jumatatu, tarehe 9 Juni 2025, alfajiri. Hakuondoka kwa urahisi. Ukoo ulituma gari la kumbeba. Mumewe alilirudisha tupu, na ndiyo sababu leo viti vya ukoo havina watu.

Ameacha mumewe Zadock, binti yake Jacklyne, mjukuu Joyline, na wanafunzi aliowafundisha. Kaburi lake limechimbwa ubavuni mwa la Simiyu. Mungu ampumzishe hapo, na asihamishwe.