Madam Inshirah na Kondoo wa Mwisho

Alhamisi hii, tarehe 30 Juni, Madam Inshirah Dakrouri anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja katika kampuni yetu ya kutia filamu za kigeni sauti za Kiarabu, hapa Dokki, Misri. Ofisi imeniomba niandike wasifu mfupi wa kuchangamsha. Mfupi nitajaribu.

Alianza kwa kupiga chapa maneno ya waigizaji wa sauti, akaishia mkuu wa idara ya DVD. Kila filamu ya watoto iliyotoka hapa aliisikiliza mwanzo hadi mwisho, kafumba macho, viatu kavua, chai ya mnanaa pembeni. Mwigizaji akimeza herufi moja, diski hazitoki. Tulimnung'unikia sana, na karibu kila mara alikuwa sahihi.

Wakongwe wanaikumbuka filamu ya kondoo anayeogopa mvua. Ile ya kwanza, ya katuni, aliisimamia yeye: kondoo akaongea Kiarabu chetu cha Kimisri, kama kijana wa mtaa wa Shubra, na nchi nzima ikampenda. Wageni walipoitengeneza upya kwa kondoo wa kweli, Madam alipigania DVD yenye filamu zote mbili, mpya na ya zamani, kwa sauti za kwetu. Akashinda. Kisha sisi, kwa akili zetu timamu, tukaitoa siku tatu kabla ya Idi ya kuchinja. Watoto wa Kairo walipanda mapaani kukaa na kondoo wa nyumbani waliofungwa huko kungoja kisu, wakakataa kushuka. Akina baba walipiga simu kutwa. "Mwanangu kamkumbatia kondoo, hamwachii, nifanyeje?" alilia mmoja. Madam akamjibu, "Nenda buchani kama watu wengine, na umwombe mtoto radhi."

Sasa niseme linaloniuma. Ofisi ilipohama, kanda za asili zilitupwa jalalani. Halafu idara ya DVD ikafungwa. Tukaambiwa kila kitu kipo mtandaoni, kabati la nini. Haukupita mwaka, kondoo akaondolewa mtandaoni, kisha akarudishwa akiongea Kiarabu sanifu kama msoma taarifa ya habari. DVD za madukani zilishakwisha zamani; sauti yetu ikabaki kwenye DVD moja tu, kabatini mwa Madam Inshirah.

Wiki ya kwanza ya Ramadhani, Mkurugenzi wetu, Bwana Wagdi Shaltout, yuleyule aliyetia saini idara ifungwe, akashuka hadi kwenye kabati hilo. Binti yake ana homa, analia anamtaka kondoo wake, si huyu wa taarifa ya habari. Madam hakumcheka. Mimi ningemcheka. Alimsogezea daftari la kuazima.

"Andika jina, Mkurugenzi. Na ujue sina nyingine."

"Jumapili utaikuta mezani, Madam. Mimi si mtoto."

Jumapili kumi na mbili zimepita. Zawadi ya kustaafu aliyoomba ni moja: diski irudi, inakiliwe, isipotee. Ameandaliwa saa ya ukutani. Nimekasirika, na siombi radhi kuliandika hilo hapa. Mtu kalinda sauti iliyolea watoto wa nchi nzima, tunampa saa.

Madam, ahsante kwa masikio yako, na kwa kutukatalia kila tulipotaka kulipua kazi. Tunakuombea afya, usingizi mzuri, na chai isiyopoa. Sherehe ni Alhamisi saa sita mchana, ukumbi wa ghorofa ya pili. Keki ipo.

Bwana Wagdi, wewe uje na kondoo.