Matofali ya Rachidi Kule Gihosha

Ukipiga chafya asubuhi pale kwa Mama Faruk, Buyenzi, hadi adhuhuri mtaa mzima umeshakuombea afya. Ni benchi moja la mbao, birika juu ya mbabula ya makaa, na Mwanvua mwenyewe, huyo Mama Faruk, ambaye kila akimimina kahawa hutoa na hukumu. Mwaka ule wa embago, nchi jirani zilipotufungia biashara na simenti ikawa adimu kuliko sukari, hapakuwa na kesi nyingine ila ya Rachidi, fundi mwashi. Alikuwa ameshika kontra, mkataba wa serikali wa kujenga shule kule Gihosha, juu kilimani. Simenti ikakatika, kazi ikasimama, serikali ikavunja kontra, na hata kuta zilizokwisha simama ikakataa kuzilipia. Vibarua wake wakabaki mikono mitupu. Rachidi, maskini, akahama hata msikiti: alisali ule wa mwisho kabisa wa Buyenzi, asije akageuza shingo kutoa salamu akakutana uso kwa uso na kibarua anayemdai.

— Leo serikali banasema nini? aliuliza Mwanvua.

— Banasema kuta haijapokelewa, akajibu Rachidi. Ati mukubwa alipaswa kuja kupima kwanza, asaini. Hakukuja. Kontra imekufa, basi kuta si yabo.

Hapo Khaled akaruka. Huyu walimwita Avoka, yaani wakili, kwa sababu aliwahi kushinda siku nzima mahakamani akingojea kesi ya baiskeli yake iliyoibwa.

— Bamejifunga benyewe! Kama si yabo, ni yako. Unabeba!

— Nabeba kuta?

— Tofali kwa tofali! Unajenga mbele ya mulango wa wizara. Mukubwa akitoka kazini, anakuta ukuta.

— Ataruka, akasema Mwanvua.

— Tunaongeza urefu!

— Ukuta mutupu wa nini, we Avoka? Mi nasema hivi: ajenge ile ile shule hapa Buyenzi, watoto basome. Serikali ikikuja kuitaka, anaijibu: pole, bado haijapokelewa!

Walicheka, na Rachidi akacheka kuliko wote. Alijisikia mwepesi kwa mara ya kwanza tangu kontra ivunjwe, maana lile la kubeba matofali halikuwa mzaha kwake. Alikwisha patana na Hyacinthe, dereva wa lori, kamyo, ambaye wote walimwita Gia, aliyekaa pale pale pembeni ya benchi. Kesho wangepanda Gihosha, wabomoe, wauze matofali, vibarua wapate chao. Gia peke yake hakucheka.

— Gia, njia umeiangalia? akauliza Rachidi.

— Nimepita asubuhi.

— Kamyo inafika?

— Inafika.

Akainamia kikombe chake kama mtu aliyeangusha kitu ndani.

Ndipo akatokea mama mmoja, vumbi hadi magotini, kitenge kimefungwa vizuri hata hivyo.

— Jambo, ba papa. Miye ni Scholastique, natoka Uvira, vita ilitufukuza kule. Papa Rachidi njo nani?

Hakuna aliyenyoosha kidole, lakini macho yote yalimgeukia.

— Njo miye, mama.

— Tunalala mu shule yako ya Gihosha. Tumefunika na mashitingi ya plastiki juu. Huyu dereva alituambia kesho munakuja kuvunja. Sikuje kugombana, papa, matofali ni yako. Binti yangu amezaa juzi, iko mu chumba ya mwisho. Nauliza tu: mutaanzia chumba gani? Kusudi nimuhamishe na mutoto mbele ya vumbi kuanza.

Avoka, mwenye sheria ya kila jambo, akaanza kuchunguza kucha zake. Rachidi aliujua kila mlango wa ile shule. Kona za chumba cha mwisho alizipigia timazi yeye mwenyewe. Tangu kazi isimame hakuwahi kukanyaga Gihosha, kwa hasira tu, na sasa aibu ilimpanda mpaka masikioni.

— Gia, mbona hukuniambia?

— Nilingoja mumalize kucheka.

Mwanvua akakamua birika, akapata kikombe kimoja. Akawapita wanaume wote akampa Scholastique.

— Imekwisha, akawaambia waliobaki.

— Kesho usilete kamyo, Rachidi alimwambia Gia.

— Na haki yako? Avoka akauliza, safari hii kwa sauti ndogo. Vibarua utabaambia nini?

Adhana ya alasiri ilikuwa inaanza. Rachidi akainuka, akajikung'uta suruali, akaenda kusali, na njia aliyoishika ilikuwa ya msikiti wake wa zamani.